Mume wangu alikuwa wa mji mzima, sauti yake ya nyumbani ninayo mimi sandukuni

BARUA

Assalam alaykum Bi Mshauri,

Nimeanza barua hii mara tatu nikaichana. Mimi ni mwanamke wa miaka 61, mzaliwa wa Mji wa Kale, Mombasa. Kwa miaka 26 nilikuwa mke wa mwimbaji wa taarab ambaye jina lake sitalitaja, kwani ukilitaja Kibokoni hata mtoto wa chuo atakupeleka hadi nyumbani kwake. Nyumba atakayokupeleka si yangu. Ni ya mke mwenzangu, mama wa watoto wake.

Sisi tulioana kwa nikaha ya kimya. Walii wangu alikuwepo, mashahidi wawili walikuwepo, mahari nilipewa mkononi. Kilichokosekana ni watu. Aliniambia tungoje kidogo kabla ya kutangaza, kidogo ikawa mwaka, na mwaka ukawa umri. Mtaani wako waliojua na wako waliokisia. Mke mwenzangu sijui alijua kiasi gani. Mimi sikujaaliwa kuzaa naye.

Alifariki mwaka juzi. Habari niliisikia kwenye kipaza sauti cha msikiti, kama jirani mwingine yeyote. Nikavaa buibui nikaenda matangani, nikaketi mkeka wa mwisho karibu na mlango, nikawasikiliza wanawake wakimsifu mume wangu. Nikapewa kahawa, nikashukuru. Kisha nikarudi kwangu nikakaa eda peke yangu, miezi minne na siku kumi, majirani nikiwaambia naumwa mguu.

Alichoniachia ni sanduku la bati. Ndani mna kaseti 38, madaftari mawili ya shule aliyoandikia mashairi kwa penseli, na barua alizoniletea kutoka Muscat na Dubai alipoalikwa kuimba harusini. Kaseti zenyewe si zile zilizouzwa madukani. Nyingi alizirekodi kwangu, redio ikiwa juu ya meza ya kulia, akijaribu tuni kwa udi kabla ya kuwapelekea wenzake. Nyingine hana hata udi. Iko moja nakuna nazi jikoni, naye ameketi mlangoni, aimba akifuata mkwaruzo wa mbuzi. Nikiacha kukuna, anaacha kuimba. Nikianza, anaanza. Mpaka nikashindwa nikacheka, naye akacheka. Humo ndimo nilimo, Bi Mshauri. Katika maisha yake yote ya mbele za watu mimi simo, hata kwenye picha moja.

Na ziko za mwishoni. Pumu ilikuwa imemkaba, aimba ubeti mmoja kisha akohoa hadi utepe unakwisha. Usiku mmoja alizima redio akaniambia: "Kaseti hizi ni zako. Usiwape watu sauti yangu isiyo na pumzi." Sikumuuliza alikusudia nini. Nilidhani tuna muda.

Sasa nimejiwa na watu watatu mfululizo. Kwanza mwanawe mkubwa. Alikuja baada ya Ramadhani, akasimama mlangoni, hakuketi. Akasema wanakusanya vitu vya baba yao visipotee, na kama ninacho chochote nikitoe. Aliniita "mama", nami sijui aliniita hivyo kwa umri wangu au kwa kujua. Pili ni kijana mtafiti kutoka chuo kikuu. Ameambiwa habari zangu na muuzaji mmoja wa kaseti wa zamani, anataka kuzihamisha kwenye kompyuta bila malipo, na anirekodi mimi nikieleza kila wimbo ulitungwa vipi. Tatu ni nduguye marehemu, mtu wa dini, ninayemheshimu. Ameniambia kila wimbo unapopigwa marehemu huhesabiwa kaburini, na kama kweli nilimpenda nizitie moto.

Hilo la nyimbo ndilo linaloniondolea usingizi. Uko wimbo wake mmoja unaopigwa kila harusi hapa mjini, wa chombo kilichozama kabla hakijatoka mlangoni mwa bahari. Watu wote wauchukulia kuwa ni fumbo la kumpiga kijembe mwimbaji mwenzake ambaye ndoa yake ilivunjika. Wanawake wautunzia pesa wakitazamana kwa chuki. Si kweli. Aliutunga kwa ajili ya kitoto chake cha kike kilichokufa kabla ya arobaini, na mama wa kitoto hicho ni mke mwenzangu. Aliniambia mwenyewe, na imo kwenye kaseti, kwa sauti yake. Mwenzangu, nijuavyo mimi, hajaambiwa mpaka leo.

Mwezi uliopita nilitia kaseti moja redioni nisikie sauti yake kidogo, utepe ukatafunwa. Tangu siku hiyo sijathubutu kugusa nyingine. Naogopa kuzipiga, naogopa kuzitoa, naogopa kuzichoma, na sauti yake yaanza kunitoka kichwani. Mtu aliyefichwa miaka 26 ana haki gani ya kuwa mlinzi wa kumbukumbu?

Mwenye Sanduku,
Mombasa

JIBU

Wa alaykumu s-salam dadangu,

Kabla sijasema lolote, pole kwa kufiwa na mume. Naandika maneno haya kwa sababu nimesoma barua yako mara nne nikitafuta ni nani aliyekupa pole hiyo, nami sikumwona. Ulipewa kahawa kama mgeni katika tanga lako mwenyewe. Eda uliyoikaa kwa kusingizia mguu ilikuwa eda kamili, na Aliyekuona alikuona.

Umeniuliza habari za kaseti, lakini mimi nimesikia maswali matatu yaliyofungwa kwenye leso moja: yeye alitaka nini, vitu hivi ni vya nani, na wewe ulikuwa nani kwake. La tatu umelitia mwishoni kabisa kama mtu anayeacha kitu mlangoni akikimbia. Naona ndilo linaloyaendesha mengine, kwa hiyo nitakuwa nikilirudia.

Tuanze na kauli yake. Aliyesema vile alikuwa mtu wa mashairi, na neno "pumzi" kwa Kiswahili chetu lina vyumba viwili. Huenda alikusudia sauti ya pumu, zile kaseti za mwishoni, kwa kuwa mwimbaji aliyezoea kusikika akiwa mzima huona haya kusikika akikohoa. Huenda pia alikusudia sauti ya mtu asiye hai tena, yaani zote. Wewe umezichukua maana hizo mbili ukazibeba pamoja, na uzito wake waukalia. Najiuliza, usiku ule kabla ya kuzima redio mlikuwa mnasikiliza nini? Na katika miaka 26, alipokosea au alipokohoa katikati ya wimbo, alikuwa akifuta na kurekodi upya, au aliacha? Mtu aliyezoea kaseti alijua kufuta. Zile alizoziacha, aliziacha akijua ziko kwako. Sikuambii hilo linakupa ruhusa. Nakuambia unao ushahidi mwingine wa nia yake kuliko sentensi moja ya mgonjwa, na hakuna mwingine duniani awezaye kuusoma ila wewe.

Halafu naona umechanganya mambo mawili ambayo kila aliyekujia ameyachanganya pia: kutunza na kutangaza. Mtoto wa marehemu, mtafiti na shemeji yako, wote wazungumza kana kwamba kaseti ikitoka sandukuni imeshafika redioni na kwenye simu za watu. Kati ya moto na redio pana nafasi kubwa. Kaseti yaweza kuhamishwa ikakaa kwenye flashi mbili, moja kwako na moja kwa mtu unayemwamini, isisikilizwe na mwingine. Yaweza kuwekwa kwenye hifadhi kwa sharti la maandishi kwamba isifunguliwe mpaka muda fulani, au mpaka watu fulani wasiwepo. Waweza kuzigawa mafungu: tuni za udi fungu lake, mazungumzo fungu lake, za pumu fungu lake, na ile ya mbuzi ya nazi ikabaki chini ya mto wako.

Hatari ya njia hiyo ni kwamba sharti hushikwa na watu, na watu hubadilika. Rekodi ikishaingia kwenye simu moja, kesho iko kwenye makundi mia. Huyo kijana mtafiti simjui wala simshuku. Lakini usikubali kabla hajakuandikia kwa Kiswahili, kwenye karatasi, ni nani atakayebaki na nakala, zitakaa wapi akishamaliza masomo yake, na je, ukibadili nia atazirudisha au atazifuta? Mwambie aanze na kaseti mbili, mbele yako, sebuleni kwako. Kaseti ya dakika 60 huchukua dakika 60 kuhamishwa, kwa hiyo mtakuwa mmeketi pamoja, na saa nzima yatosha kumjua mtu. Asipokuwa na subira hiyo, utakuwa umeshajua.

Na tuje kwa yule mwana aliyesimama mlangoni. Umeandika kwamba hakuketi. Sikuona palipoandikwa kwamba alikaribishwa. Nisamehe, silaumu, kwani najua moyo wako ulivyokuwa ukipiga. Lakini kwetu mtu hukaribishwa ndipo akaketi, na kijana aliyekuja kwa mke wa baba yake asiyetajwa huenda alikuwa akingoja neno moja. Alisema visipotee. Hakusema vyetu. Unamwona kama mtu aliyekuja kukupokonya, na yawezekana ni hivyo. Yawezekana pia ni mwana aliyefiwa, anayetafuta sauti ya babake kama uitafutavyo wewe.

Hapa nakuongezea jambo la sheria, kwa sababu naona unajihesabu kama mwizi wa mali ya watu. Karatasi ya barua uliyoandikiwa ni yako, na kaseti alizokupa mkononi akasema ni zako, una hoja nzito juu yake. Lakini maneno na tuni zilizomo ni jambo jingine. Kwa sheria ya hakimiliki ya Kenya ya mwaka 2001, haki ya mtunzi huendelea kwa miaka 50 baada ya mwaka aliofariki, na hushikwa na warithi wake. Kwa hiyo kuzihifadhi ni jambo moja, kuzitoa kwa umma bila wenzako ni jambo jingine, na wewe na huyo kijana mtafiti mnapaswa kulijua hilo mapema.

Na warithi ni nani? Dadangu, mke aliyeolewa kwa walii, mashahidi na mahari ni mke. Marehemu akiacha watoto, wake zake hugawana thumni, yaani sehemu moja ya nane. Nikaha ikithibiti, wewe ni mmoja wa wale ambao idhini yao ingehitajika. Mahakama ya Kadhi husikiliza mambo haya ya ndoa na mirathi, na waweza kwenda kuuliza bila kumshtaki mtu. Kama shahidi hata mmoja wa nikaha yako yu hai, mtafute, japo ni kwa kumsalimia tu, kwa sababu umri wenu unasogea.

Sikusukumi uende. Ukibisha mlango huo, siri ya miaka 26 itatoka yote, na haitakuumiza wewe peke yako. Mke mwenzako ataisikia mahakamani au sokoni Marikiti, kwa mdomo wa mtu mwingine. Na ukinyamaza, utabaki kama ulivyo, mwenye sanduku asiye na jina, na siku yako ikifika wapwa zako watafungua bati wakute kaseti zisizo na maandishi wasijue ni nini. Pande zote mbili zina gharama. Ni wewe unayejua ni ipi mabega yako yaiweza.

Kwa lile la shemeji yako, mimi si mwanachuoni na sitajifanya. Wako masheikh wenye msimamo mkali juu ya ala za muziki, na hofu yake juu ya nduguye ni hofu ya mapenzi, usiichukulie vibaya. Ninachokuomba ni umwendee sheikh ambaye hana jamaa wala maslahi katika nyumba ile, umweleze sandukuni mna nini hasa. Mna nyimbo zenye udi, ndiyo. Mna pia barua za mume kwa mkewe, mna mashairi yaliyoandikwa, mna baba akimlilia mtoto wake, mna mtu anaimba jikoni bila ala. Huenda jibu lisiwe moja kwa yote. Kaseti ikisubiri mwezi mmoja ukiuliza, hakuna kilichoharibika. Ikichomwa leo, hata yule sheikh akikuambia kesho kwamba haikuwa lazima, hakuna wa kuirudisha.

Sasa ule wimbo wa chombo. Nimeuwaza siku nyingi, maana kati ya yote uliyo nayo, hilo pekee naona si lako, wala si la mji. Lina mama yake.

Unadhani hajui. Nami nakuuliza kwa upole, umejuaje? Mwanamke wa Mombasa aliyekulia kwenye taarab hufundishwa kusikiliza fumbo tangu utotoni. Aliyezaa kitoto kile, akakizika, kisha mumewe akaja na wimbo wa chombo kilichozama kabla ya kutoka mlangoni mwa bahari, hivi kweli hakusikia? Huenda alisikia siku ya kwanza. Huenda kwa miaka yote hii ameketi harusini, watu wakitunza pesa na kucheka, naye akijua analiliwa nani, akanyamaza kama ulivyonyamaza wewe matangani kwake. Sijui. Lakini kabla ya kupanga jinsi ya kumwambia, fikiri kwamba huenda wewe na yeye mnalinda siri moja, kila mmoja kwenye chumba chake.

Na kama hajui, kumwambia kwaweza kuwa zawadi kubwa kuliko mirathi yoyote. Kwaweza pia kuwa kisu, kwa sababu swali lake la kwanza halitakuwa juu ya mtoto. Litakuwa: mbona alikwambia wewe? Unalo jibu? Usiende mpaka uwe nalo, na liwe jibu lisilomshusha yeye. Wako wanaomtuma mama mtu mzima anayeheshimiwa na pande zote apime maji kwanza. Wako wanaoandika maneno wakayatia kwenye bahasha pamoja na nakala ya kaseti, wakamwachia mwana achague siku. Na wako wanaonyamaza mpaka mwisho, nao si waoga. Kitu kimoja tu nakiogopa waziwazi, mama huyu asije akaisikia habari ya mtoto wake kwenye kazi ya utafiti au kwenye redio kabla hajaisikia kwa mtu. Ukizungumza na kijana yule, kaseti hiyo iwe nje ya mazungumzo, walau kwa sasa.

Narudi kwenye swali lako la mwisho. Siti binti Saad alikwenda Bombay mwaka 1928 akarekodi santuri, na kwa santuri zile twaisikia sauti yake hadi leo, lakini santuri hazikutuwekea alivyocheka jikoni. Hapa kwetu, Juma Bhalo alitutoka mwaka 2014, na nyimbo zake hazijanyamaza mitaani. Nyimbo za mumeo nazo wanazo watu wengi. Mtu aliyeacha kuimba kwa sababu mkewe ameacha kukuna nazi, huyo yuko kwako tu. Uliandika, "Humo ndimo nilimo." Nataka ujiulize, ukiwa peke yako: unapoogopa utepe usitafunwe, unaogopa kumpoteza yeye, au unaogopa kupoteza ushahidi pekee kwamba na wewe ulikuwepo? Majibu yote mawili ni halali. Lakini kama ni la pili, basi kuna kazi moja isiyohitaji ruhusa ya mwana, ya mtafiti wala ya shemeji. Nunua daftari, uandike wewe. Tarehe unazozikumbuka, alivyokuwa akipenda mbaazi zake, wimbo gani aliutungia meza ipi. Maneno hayo hakimiliki yake ni yako, na yatakaa sandukuni pamoja na ya kwake.

Na kaseti zenyewe zisingoje maamuzi haya, kwa sababu joto na unyevu wa bahari yetu havingoji. Kama sanduku liko juu ya kabati chini ya mabati, lishushe. Lisikae sakafuni pia. Liweke mbali na spika, zina sumaku. Kila kaseti isimame ndani ya kasha lake. Tazama utepe kwenye kidirisha, ukiona ukungu mweupe usiipige kabisa, mpaka aisafishe fundi. Pembeni kwa nyuma kuna vijino viwili vidogo vya plastiki, vivunje, hapo hakuna atakayeweza kurekodi juu yake kwa bahati mbaya. Ile iliyotafunwa usiivute. Uzungushe utepe polepole kwa penseli, kisha uiache mpaka umpate mtu mwenye mkono mwepesi, kwani mara nyingi kinachoharibika ni sekunde chache tu. Mashairi aliyoyaandika kwa penseli usiwe na wasiwasi nayo sana, penseli haichuruziki kwa unyevu kama wino. Zile barua ndizo za kutazamwa.

Halafu, siku utakayoisikiliza ile ya jikoni, naomba usiwe peke yako. Mwite hata jirani mmoja uliyemdanganya habari ya mguu. Na uniandikie tena, unieleze alikuwa nani uliyemwita.

Mshauri wenu